Tupeane uzoefu: tomaini, kadaverini na samaki aliyelala bila barafu

Mleta mada: Wadau wa soko la samaki la Feri, wa jikoni na wa maabara, tuweke hapa tunachokijua. Naanza na jina. Tomaini, yaani kemikali zinazotokea nyama inapooza, ni neno lililotungwa na Francesco Selmi, mkemia wa Bologna, Italia, miaka ya 1870, kutokana na neno la Kigiriki ptoma, yaani maiti. Selmi alionyesha kuwa maiti iliyooza hutoa kemikali zinazoitikia vipimo kama sumu za mimea. Maana yake mtu angeweza kuhukumiwa kwa sumu ambayo hakuna aliyempa marehemu. Kwa hilo tu anastahili heshima.

Mtu wa maabara: Mwaka 1885 Ludwig Brieger, daktari wa Berlin, alizitambua tomaini mbili, akazipa majina ya Kilatini: putresini, kutokana na kuoza, na kadaverini, kutokana na maiti tena. Bakteria huondoa kaboni dioksidi kwenye asidi za amino, yaani vijenzi vya protini: ornithini inakuwa putresini, lisini inakuwa kadaverini, histidini inakuwa histamini. Zamani tomaini zililaumiwa kwa kila tumbo lililochafuka. Baadaye ikajulikana wahusika wakubwa ni bakteria wenyewe na sumu zao. Ila histamini msiidharau, maana inamdhuru mlaji na hainuki.

Muuza samaki: Na hapo ndipo pua inapomdanganya mnunuzi. Jodari, vibua na nguru wana histidini nyingi kuliko changu. Akishatoka majini, toa matumbo na matamvua, osha, kisha barafu iliyopondwa, kilo 1 kwa kila kilo ya samaki. Panga tabaka kwa tabaka, nyingine ijaze tumboni, na boksi liwe na tundu la kutolea maji. Ukimwaga barafu juu tu, wa chini wanabaki na joto lao. Kipimajoto kichomeke kwenye mnofu mnene wa mgongoni, kisome nyuzi 4 au chini. Hewa ya boksi haikuambii kitu.

Mpishi: Nusa kabla ya limau, sio baada. Shombo hutoka kwenye amini, kemikali za jamii ya besi, yaani kinyume cha asidi. Asidi ya limau au ukwaju huzigeuza kuwa chumvi isiyoruka hewani. Shombo linakata, histamini imebaki palepale. Kukaanga hakuiondoi. Friza nalo linawazuia bakteria tu, histamini iliyokwisha kutengenezwa haiondoki. La kuvunda halina ubani.

Mtu wa maabara: Kikomo cha usalama cha histamini cha Codex, viwango vya kimataifa vya chakula, ni miligramu 200 kwa kilo ya samaki. Kipande kimoja hakitoshi kupima, kwa sababu histamini haienei sawasawa mwilini mwa samaki. Dalili huanza ndani ya dakika chache hadi saa chache: mdomo kuwasha kama pilipili, uso kuwa mwekundu na kuwaka, kichwa kugonga, upele. Wengi huambiwa wana mzio wa samaki, wakaacha kumla maisha yote bure. Dawa za antihistamini husaidia. Pumzi ikibana, kimbieni hospitali. Mtajieni daktari aina ya samaki na saa aliyoliwa, na mabaki yawekeni kwenye barafu yakapimwe.