Ushauri wakuu: mkanda wa 16 mm wa The Band Concert, niwashe projekta au niuskani kwanza?

Fundi_Mpya: Wakuu, habari za jioni. Nimepata mkanda wa katuni ya The Band Concert (1935): Mickey anaongoza bendi bustanini, Goofy na klarineti, Donald anawavuruga kwa filimbi. Projekta ninayo. Niwashe leo? Naogopa kuuharibu.

Mwanasheria_Kijiwe: Usiupandishe mtandaoni. Marekani kazi hiyo inalindwa miaka 95, mpaka mwisho wa 2030. Wizi ni wizi.

Fundi_Mpya: Sijauliza hilo mkuu.

Kitanzi: Mkanda unanuka siki?

Rili_Kavu: Na rangi zikoje?

Fundi_Mpya: Nyekundu nyekundu. Siki... ndiyo, kiasi. Ila nimeufunga kwenye plastiki nikabana kabisa, harufu haitoki. Na boksi lisilopitisha hewa nimeshanunua.

Kitanzi: Hapo ndipo unapouua. Asetati, plastiki ya mkanda wenyewe, ikioza hutoa asidi yenye harufu ya siki, na asidi ikinaswa humo inaharakisha kuoza. Toa sasa hivi, tenga na mikanda mingine, weka penye ubaridi, ukavu na hewa. Kisha pima. Matundu ya ukingoni, tundu hadi tundu ni 7.62 mm, kwa hiyo nafasi 100 ni 762 mm. Ukipata 754 kushuka chini, umesinyaa zaidi ya asilimia 1, meno ya projekta yatachana matundu. Huo ni wa skana ya roli, isiyo na meno.

Rili_Kavu: Kopi ya Technicolor, iliyochapwa kwa kuhamisha rangi, haiwi nyekundu hivyo. Hiyo ni Eastmancolor, filamu ya rangi inayofifia ikabaki nyekundu, miaka ya 1950 kuja huku. Katuni ni ya 1935, mkanda siyo.

Fundi_Mpya: Muuzaji alisema orijino. Na projekta nimeshaipaka mafuta. Matundu yako pande zote mbili, utashikwa vizuri tu.

Bata_Mtata: Donald huyu. Mnyang'anyeni filimbi, anachomoa nyingine.

Rili_Kavu: Ngoja kwanza. Pande zote mbili, na katuni ni ya muziki? Kwenye 16 mm mstari wa sauti unakaa pale ambapo safu ya pili ya matundu ingekuwa. Matundu huku na huku ni mkanda bubu. Hii chai, hakuna mkanda hapa.

Mwanasheria_Kijiwe: Nilijua.

Fundi_Mpya: Si chai. Nilijibu kwa kukisia, ulikuwa umefungwa. Nimeutoa. Matundu upande mmoja, upande wa pili mawimbi mawimbi, nilidhani mikwaruzo. Nimepima mara mbili: 751.

Kitanzi: 11 pungufu. Chomoa waya wa projekta.

Fundi_Mpya: Hata dakika moja tu?