Kiti kimoja, abiria wawili: sistimu hii ya tiketi za basi nani aliithibitisha?

Wadau, leo nina hasira na nitazisema.

Ijumaa alfajiri nilimpeleka shangazi stagi hapa Malindi, apande basi la Mokowe avuke kwenda Amu. Miguu inamvimba, ndiyo maana nilimkatia kiti cha mbele kwa simu usiku wake. Nikalipa, ujumbe ukaja: kiti namba 3. Kufika, kijana amekikalia, naye ana ujumbe wake: namba 3, basi lilo hilo, siku iyo hiyo, amelipa dakika ile ile niliyolipa mimi. Shangazi akasafirishwa nyuma kabisa, juu ya tairi. Kupiga simu ofisini naambiwa, "Lakini tuliijaribu, ikafanya kazi."

Hapo ndipo nilipowaka, kwa sababu mimi kuandika programu ndiyo riziki yangu. Programu inauliza kama kiti kiko wazi, inajibiwa ndiyo, kisha inaandika jina. Kati ya kuuliza na kuandika pana mwanya. Wawili wakiuliza ndani ya mwanya ule, wote wanajibiwa ndiyo. Ukibonyeza peke yako ofisini hutauona hata mwezi mzima.

Dawa ipo. Andika kanuni kwa hesabu, kwamba kiti hakiwi na abiria wawili, kisha kikaguzi, yaani programu ya kukagua, kipitie kila mpangilio wa hatua. Wateja wawili na kiti kimoja tu vinatosha kuufichua mwanya huo. TLA+, lugha ya kuandikia kanuni kama hizo pamoja na kikaguzi chake, iliyobuniwa na mwanasayansi wa kompyuta Leslie Lamport, hufanya kazi hiyo, na ni ya bure. Kampuni ya Amazon waliitumia ikawaonyesha makosa yaliyopita katikati ya majaribio yote.

Na msiniambie ni kiti tu. Therac-25, mashine ya kutibu saratani kwa mionzi, ilikuwa na kosa la aina hii: lilijitokeza mhudumu akibadilisha maagizo kwa haraka. Kati ya 1985 na 1987 wagonjwa sita Marekani na Kanada walipigwa mionzi kupita kiasi, wengine wakafa. Huko nako watu walikuwa wameiamini mashine.

Nataka wenye basi wajibu: kanuni ya kiti kimoja abiria mmoja mmeiandika wapi, na nani aliikagua?

Shangazi anarudi Jumatano. Tiketi yake nimeomba ikatwe dirishani kule Mokowe, kwenye daftari la karani, ambamo kila kiti kina mstari wake mmoja.