Omar Sy mnamkata ulimi halafu mnasema mnamkubali

Wakuu, leo nina hasira, mtanivumilia.

Jumamosi nimeenda kwa kijana anayenirushia muvi siku zote. Nikamwambia nataka Intouchables, ile ya tajiri aliyepooza na msaidizi wake mweusi, ya Omar Sy, yule mwigizaji Mfaransa. "Ipo broo, kali sana." Nikaacha flashi, nikatoa buku. Usiku nimeita mpaka shemeji, bisi mezani, nabonyeza... Kevin Hart! Nimepigwa The Upside, ile waliyoirudia Wamarekani. Kesho yake namfuata, jibu lake: "Si stori ile ile?"

Stori ile ile! Intouchables imetoka Novemba 2011, Ufaransa peke yake imeuza tiketi zaidi ya milioni 19. Februari 2012 Omar akabeba César, tuzo kubwa ya filamu ya Ufaransa, ya mwigizaji bora wa kiume, mweusi wa kwanza kuipata. Na aliyepigwa bao ni Jean Dujardin wa The Artist, ambaye siku mbili baadaye alichukua Oscar. Kevin simchukii, ila hapo anaingiaje?

Halafu nyie wa Lupin, ile tamthilia ya Omar ya Netflix. Kila siku nasoma humu "jamaa Kiingereza chake kimenyooka". Sauti ile SI YAKE, imedabiwa! Ingieni kwenye mipangilio, wekeni Kifaransa, mrudie sehemu ya kwanza tu. Pale makumbusho ya Louvre yupo na nguo za mfagiaji, hakuna anayemwona, halafu anarudi na suti kupanda dau mnadani kama bosi. Msikilizeni anavyoongea sehemu zote mbili, halafu mje mniambie mlikuwa mnaangalia nini.

Maana huyu mtu mdomo ndio uliomlisha. Mtoto wa Trappes, baba Msenegali, mama kutoka Mauritania, kaanzia redioni, Radio Nova. Kuanzia 2005 yuko kwenye TV ya Canal+ na mwenzake Fred Testot, wanafanya vichekesho vifupi: watu wanapiga simu huduma kwa wateja na matatizo ya ajabu ajabu, wao wawili wanabadilisha sauti na lafudhi mpaka mbavu zinauma. Huo ndio mtaji wake. Sasa mtu kama huyo unamtoa sauti, unabaki na nini? Urefu?

Hollywood nao walewale. Kahamia Los Angeles 2012, X-Men ya 2014 wakampa Bishop: bunduki kubwa, maneno ya kuhesabu kwa vidole. Mwaka uliofuata Jurassic World, kawekwa nyuma ya Chris Pratt kuchunga mijusi. Mshindi wa César, wakuu! Kazi za maana akazifuata kwao. Chocolat ya 2016 ni yeye kama Rafael Padilla, mchekeshaji wa sarakasi aliyezaliwa utumwani Cuba. Na Tirailleurs, iliyoonyeshwa Cannes 2022, ni baba anayeingia Vita ya Kwanza ya Dunia ili amlinde mwanawe, na humo anaongea Kipulaar, lugha ya nyumbani kwao. Nilipoisifia humu jamaa mmoja akanijibu "hiyo ngumu mkuu, subiri DJ aitafsiri". Nikafunga simu nikaenda kulala.

Mwenye Intouchables yenyewe, ya Kifaransa, maandishi ya chini hata yakiwa ya Kiingereza sawa, aje PM. Link za kubahatisha sitaki. Na buku yangu kwa yule kijana bado naidai.