Bibi kaona muvi

*Kikundi: UKOO WA BIBI TANGA*

Zai: Shikamooni. Jana nimemwekea Bibi muvi kwenye laptop, inaitwa Thelma, ya 2024. Bibi wa Marekani anapigiwa simu: mimi mjukuu wako, nimegonga mtu, niko ndani, nitoe. Anatuma dola 10,000 kwa posta!

Shangazi Mwana: Marahaba mwanangu. Kumbe "ile hela tuma kwenye namba hii" ipo mpaka Marekani 😂😂

Mama Zai: Na watoto wake wakamnyang'anya simu, najua.

Zai: Wanawaza kama hawezi tena kuishi peke yake. Yeye huyoo, kapakizana na mzee mwenzake kwenye kiskuta cha umeme, anafuata hela zake mwenyewe. Bibi alicheka, anasema mwendo kama bajaji yenye pancha.

Ba'mdogo Seif: Huyo mzee si ni Richard Roundtree? Yule wa muvi ya Shaft ya 1971! Alifariki 2023, maskini.

Zai: Ndiye. Na huyo mama, June Squibb, muvi imetoka ana miaka 94. Ndio mara yake ya kwanza kuwa stelingi. Filamu zenyewe kaanza 1990, kashavuka 60.

Mama Zai: 94 stelingi! Kwenye muvi zetu huku ukigonga 50 tu unapewa kaniki na ungo, mchawi wewe.

Shangazi Mwana: Au umelala unakohoa, watoto sebuleni wanagombania hati ya nyumba. Dakika ya kumi ushazikwa.

Ba'mdogo Seif: Msiwaonee jamani. Humo ndani mchawi ndiye anayeigiza kuliko wote. Wale vijana kazi yao kubadilisha nguo na kulia bila machozi.

Mama Zai: Si ndio nasema shemeji. Anaweza, mwenye kuandika ndiye hamwoni. Bibi hana shoga, hana deni, hana hata safari ya sokoni.

Ba'mdogo Seif: Hapo sina neno.

Zai: Bibi yuko hapa, anasema niandike: "Mimi kilichonifurahisha hakuomba ruhusa kwa mtu."

Shangazi Mwana: 👏🏾👏🏾 Mama huyo!

Zai: Anaendelea: "Na zile 80,000 zangu nilizoibiwa kwenye simu, Seif alisema anazifuatilia. Tangu Ramadhani. Amefika wapi?"

Mama Zai: 👀

Shangazi Mwana: Seif, unaitwa.

Ba'mdogo Seif: Shikamoo mama. Mtandao huku unakatakata

Zai: Anauliza skuta inauzwa bei gani.