Mliouziwa "jiwe la saa" Kigoma na Tabora, tupeane uzoefu

Wakuu, habari za jioni. Naanzisha mimi maana najua siko peke yangu, ila wengi mnaona aibu.

Mwezi uliopita pale sokoni Mwanga, Kigoma mjini, alinifuata kijana ana kitambaa chekundu kiganjani. Ndani kuna jiwe, ukubwa wa yai la kanga, jeupe linapitisha mwanga, lina pande sita na ncha kama penseli iliyotoka kuchongwa. Akasema hiyo ni fuwele ya muda, imetoka chini kabisa ya Ziwa Tanganyika, mita 1,470. Ukiwa nayo mfukoni saa inakusubiri. Marejesho ya kikoba yakikukaba, unalishika, siku inarefuka. Alitaka laki, tukamalizana elfu 30.

Sasa sikilizeni. Kesho yake nina mzigo wa kufikisha Manyovu saa 4 asubuhi. Gari likapata pancha baada ya Mwandiga, jeki nayo mbovu. Nafika mpakani nimeshajikatia tamaa, natoa simu: saa 3:50! Wakuu, nililibusu lile jiwe mbele za watu. Mteja akaja amenuna, eti amenisubiri karibu saa nzima. Nikamhurumia tu, mwenzangu hana jiwe.

Nawasilisha. Na wewe lako lilifanya nini?

*

DEREVA WA BUHIGWE: Mkuu pole. Simu yako ilidaka mnara wa Burundi. Wenzetu wako saa moja nyuma yetu, na ukiacha simu ijipangie saa yenyewe, ukisogea tu kwenye mpaka inahama nchi bila pasipoti. Mteja alikuwa sahihi, ulifika saa 4:50.

Mimi sikuuziwa jiwe ila hasara niliipata hiyo hiyo. Nililala gesti Manyovu, nikatega alamu saa 12 alfajiri niwahi kupakia. Usiku simu ikavuka. Alamu imelia, natoka nje nakuta kweupe, foleni imeshaisha, wenzangu wako Kasulu wanakunywa chai. Tangu siku hiyo nina saa ya ukutani ndani ya gari. Nimeifunga kwa waya nyuma ya kiti, inagongagonga kama kengele ya mbuzi, lakini haijawahi kunidanganya.

*

WA KIBIRIZI: Mita 1,470 alishuka nani kulichukua? Sisi tunavua dagaa humu, wavu ukienda mbali sana ni mita mia na kidogo. Huko chini hata samaki hapati hewa. Huyo kijana kapitia wapi?

*

MAMA UJIJI: Asalaam aleykum. Jiwe sina, ila huo muda unaopinda naujua tangu nimeolewa huku kutoka Temeke.

Ramadhani moja mwanangu wa darasa la pili alifunga mara yake ya kwanza hadi jioni. Kakaa barazani na kisahani chake, tende tatu, redio pembeni. Redio ikaadhini, mtoto akaitia tende mdomoni. Bibi yake akaruka: "Tema! Hiyo adhana ya Dar es Salaam, sisi jua letu bado lina safari!" Kweli tukitazama ng'ambo, jua lile pale, jekundu, halijagusa hata milima ya Kongo. Mtoto kalia huku katafuna, kokwa kashikilia mkononi kama ushahidi. Bibi akamwambia kalishwa na redio, Mungu hahesabu kosa la redio.

Mwalimu jirani yetu alinifafanulia. Dunia inazunguka nyuzi 1 kila dakika 4. Dar wako kwenye nyuzi 39 na ushee mashariki, sisi 29 na nusu na ushee. Hapo ndipo zinapopatikana zile dakika kama 39. Na saa ya nchi nzima imefuata mstari wa nyuzi 45, ambao hata haugusi Tanzania, unapita baharini kule karibu na Mayotte. Ndiyo maana Kigoma jua la utosi ni saa 7, siyo saa 6. Burundi saa yao inakubaliana na jua. Sisi ndio tumeazimwa ya baharini.

*

FUNDI SAA, TABORA MJINI: Jiwe hilo ni kwatzi. Alinijia mzee mmoja nalo, anataka nilifunge ndani ya saa yake ya mkononi ili impunguzie mbio. Nikamwambia mzee wangu, limo tayari. Nikafungua mgongo, nikampa lenzi, nikamwonyesha kikopo cheupe kidogo kuliko punje ya mchele. Humo ndani kuna kipande cha kwatzi kimekatwa kama uma wa meno mawili. Betri ikikipa umeme kinatetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Namba hiyo imechaguliwa: igawe kwa mbili mara 15, inabaki 1, mshale unaruka. Ndugu wawili wa Ufaransa, Pierre na Jacques Curie, waligundua mwaka 1880 kwamba mawe ya aina hii ukiyabana yanatoa umeme. Kuyapa umeme yacheze ilifuata baadaye. Saa ya kwanza ya mkononi ya kwatzi iliuzwa Japani Desemba 1969.

Mzee kanisikiliza vizuri sana, kisha akauliza: "Kwa hiyo la ndani linaenda mbele, langu linarudi nyuma. Nikiyaweka pamoja?"

Nikamwambia yatasimama. Akaridhika, akalipa ya betri akaondoka. Mungu anisamehe.

*

MCHIMBAJI, NZEGA: Elfu 30!! Huku tunalitupa kwenye magwangala, yaani mabaki ya mawe ya mgodini. Tunafuata mshipa wake kwa sababu dhahabu hupenda kukaa humo, tukishaona halina kitu linabaki la watoto kuchezea. Yale yenye ncha nzuri ndiyo wanayookota hao vijana wa vitambaa vyekundu.

Ila nikubali kitu kimoja. Duarani, yaani ndani ya shimo la kuchimbia, muda hauendi kama wa juu. Unaingia asubuhi, unagonga, unagonga, unasema labda ni saa 5, ukitoka unakuta nyota.

*

MWANZISHA MADA: Nimewasoma wote. Mteja nimempigia, nimemwomba radhi, kacheka mpaka nikakata simu mimi.

Jiwe mama watoto ameliweka juu ya mfuniko wa ndoo ya dagaa, paka asifungue. Kijana nimemtafuta Mwanga siku tatu, hayupo.

*

WA KIBIRIZI: Sasa kama hulihitaji, nikupe elfu 5? Nina marejesho Ijumaa.