Naomba ushauri: niache ajira ya televisheni nikaongoze mfululizo wa madaraja yaliyoanguka?

Mwongozaji_Njiapanda:
Wakuu, heshima kwenu. Kwa miaka mingi nimekuwa mwongozaji wa filamu za hali halisi katika kituo cha televisheni, na eneo langu ni historia na uhandisi. Sasa nimepata nafasi ya kuongoza mfululizo kuhusu madaraja matatu: la Tay huko Scotland lililoanguka mwaka 1879, la Quebec nchini Kanada mwaka 1907, na la Tacoma Narrows nchini Marekani mwaka 1940, ambalo mapigo ya upepo yalilingana na mtetemo wake wa asili, kama hatua za askari wanaovuka kwa pamoja. Malipo yanazidi mshahara wangu. Hofu yangu ni kwamba nikishajulikana kama mtu wa madaraja, sitapewa kazi nyingine. Je, nijiuzulu?

Nondo:
Mtu wa madaraja yaliyoanguka anatuuliza kama aruke! Ruka mkuu, ila pima kina cha maji kwanza.

Bi_Mkubwa:
Mwanangu, kituo kilichokufundisha kazi hakiachwi kwa sababu ya fedha pekee. Siku hizi shukrani imekuwa bidhaa adimu.

Mhariri_Mstaafu:
Hofu ya kubanwa katika eneo moja haina msingi, kwa kuwa mwongozaji anayeweza kusoma mchoro wa kihandisi humfanya mhandisi azungumze mambo ambayo mwandishi wa kawaida hangeyapata. Kinachoua filamu ni kingine. Niliwahi kuhariri makala iliyofadhiliwa na mjenzi wa mradi wenyewe. Tulikuwa na msimamizi mzee wa mafundi aliyeeleza vizuri mno jinsi walivyoharakishwa, lakini mfadhili alipoiona akaomba mazungumzo hayo "yafupishwe," na yalifupishwa hadi yakaisha. Tukabaki na picha za angani na muziki. Kwa hiyo, nani analipa, na nani ana neno la mwisho katika uhariri?

Mwongozaji_Njiapanda:
Ahsante, mzee wangu. Malipo ni ya awamu tatu, na ratiba ya kurekodi inaridhisha.

Mhariri_Mstaafu:
Sikuuliza awamu.

Mwongozaji_Njiapanda:
Mfadhili ni kampuni ya ushauri wa kihandisi. Mkataba unasema toleo la mwisho halitarushwa kabla hawajaliidhinisha, kwa ajili ya usahihi wa kitaalamu. Sioni ubaya, maana hata kituoni wataalamu hupitia miswada yetu. Isitoshe, hayo ni mambo ya zamani, na wao hawakujenga hata daraja moja kati ya hayo.

Bi_Mkubwa:
Kupitia ni kusoma na kutoa maoni. Kuidhinisha ni kushika ufunguo.

Kipimo:
Samahani, mimi nina shaka na uzi huu wote. Mwongozaji mzoefu wa filamu za uhandisi hawezi kuandika habari hiyo ya askari kuhusu Tacoma. Upepo wa siku ile, wa takribani kilomita 64 kwa saa, haukuwa ukipiga kwa mapigo yanayolingana na chochote. Sakafu ya daraja ilipoanza kujisokota, msokoto wenyewe uliufanya upepo uzidi kuisukuma hadi ikakatika. Nahisi huyu ni mwandishi wa tamthilia anayejaribia kisa chake kwetu.

Nondo:
Basi tumlipishe kwa awamu tatu.

Mwongozaji_Njiapanda:
Kisa ni cha kweli. Maelezo yale nimeyachukua kama yalivyo katika muhtasari wa mfadhili, na hata mimi najua kwamba mpango wa awali ulikuwa na fremu za chuma zenye uwazi, za kina cha mita 7.6, kisha ili kupunguza gharama ikawekwa mihimili ya bamba ya mita 2.4, iliyoziba njia ya upepo. Nilikusudia kulirekebisha hilo tukiwa kazini.

Kipimo:
Kama ni kweli, basi muhtasari huo unautwisha upepo lawama yote na kuuficha uamuzi wa watu. Je, Quebec wameielezaje? Mule wafanyakazi 75 walikufa baada ya urefu wa kati kuongezwa hadi mita 549 bila uzito kukokotolewa upya ipasavyo, na vyuma vilikuwa vimeonekana kupinda kabla ya siku yenyewe.

Mwongozaji_Njiapanda:
Wameandika "ugumu wa mazingira ya mto."

Mhariri_Mstaafu:
Omba kifungu kibadilishwe: watoe maoni kwa maandishi ndani ya muda uliowekwa, uamuzi ubaki kwako, na uwe na haki ya kuondoa jina lako wakivunja sharti hilo. Mkataba umesainiwa?

Mwongozaji_Njiapanda:
Wao wameshasaini. Mimi bado, ingawa barua ya kujiuzulu nilikwisha kuiwasilisha kabla ya kufungua uzi huu.