Tunaomba SNAP Ohio: sisi tuna grinikadi, mama mkwe bado ni mkimbizi. Tuanzie wapi?

Mama Watatu aliuliza:

Habari zenu wapendwa. Naomba mwongozo kabla sijajaza fomu ya SNAP, ule msaada wa chakula wa serikali. Tuko Ohio, Marekani. Nyumbani tupo mume wangu, mimi na watoto watatu, wa miaka 9, 6 na 2. Sisi wakubwa na watoto wawili wa kwanza tulikuja kwa njia ya ukimbizi, sasa tuna grinikadi (kibali cha ukaazi wa kudumu) ila haijafikisha miaka 5. Kitindamimba kazaliwa hapahapa. Mama mkwe, miaka 67, alifika kama mkimbizi, grinikadi bado, na hana kipato chochote. Yupo pia mdogo wangu wa kiume, miaka 23, mwenye grinikadi, anafanya kazi saa chache. Huyo anajinunulia na kujipikia mwenyewe, na anatuchangia dola 300 kwenye kodi ya dola 1,500. Umeme na joto tunalipa sisi.

Kazini kwa mume wangu ovataimu imeondolewa. Slipu za nyuma zinaonyesha dola 1,900 kila wiki mbili kabla ya makato, sasa ni 1,380. Kila mwezi tunatuma dola 200 kwa wazazi walioko kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania. Mimi nalea, siko kazini.

Huku mtaani wengine wanasema wakimbizi wote wamefutwa, wengine wanasema tusubiri grinikadi ifike miaka 5. Lipi la kweli? Na je, tunastahili?

Mkalimani wa Kaunti alijibu:

Pole na hongera kwa kuuliza kabla ya kujaza. Tuanze na hilo la wakimbizi, maana limewachanganya wengi na kuna familia zinalala njaa kwa kuamini maneno ya mtaani.

Sheria iliyotiwa saini tarehe 4 Julai 2025 iliwaondoa kwenye SNAP wakimbizi na waliopewa hifadhi ambao bado hawana grinikadi. Waliobaki ni raia, wenye grinikadi, baadhi ya watu wa Kuba na Haiti, na wananchi wa visiwa vyenye mkataba maalumu na Marekani. Kwa hiyo mama mkwe kwa sasa hahesabiwi. Hilo ni kweli, na linauma.

La miaka 5 haliwahusu ninyi. Muda huo ni kwa mtu mzima aliyepata grinikadi kwa njia nyingine, kwa mfano kuombewa na ndugu au bahati nasibu ya viza. Aliyekuja kama mkimbizi kisha akapata grinikadi anastahili siku ileile inapotoka. Mtoto wa chini ya miaka 18 mwenye grinikadi hasubiri kabisa, hata kama hakuwahi kuwa mkimbizi. Na kitindamimba wenu ni raia.

Kwa hiyo nyumba yenu kwa macho ya SNAP ni watu 5. Kwenye fomu mwandikeni mama mkwe kuwa anaishi hapo lakini haombi. Asiyeomba halazimiki kutoa namba ya Social Security (hifadhi ya jamii) wala karatasi za uhamiaji, isipokuwa kipato chake, kama kipo, lazima kitajwe. Msimfiche. Fomu isiyomtaja mtu anayeishi ndani ndiyo huja kuleta shida baadaye.

Fundi Hesabu alijibu:

Nakuwekea hesabu, dada, uone jinsi afisa anavyoifanya. Viwango hivi ni vya Oktoba 2025 hadi Septemba 2026 na hubadilika kila Oktoba.

Kwanza kipato ghafi, yaani kabla ya kodi na makato yoyote. Si hela inayoingia benki. Mshahara wa kila wiki mbili hawauzidishi kwa 2, wanauzidisha kwa 2.15, kwa sababu mwaka una malipo 26, si 24. Wa kila wiki huzidishwa kwa 4.3. Kikomo cha kipato ghafi kwa watu 5 ni dola 4,079 kwa mwezi, ambacho ni asilimia 130 ya mstari wa umaskini.

Sasa angalia. 1,380 × 2.15 = 2,967. Mko ndani vizuri. Lakini afisa akichukua slipu za zamani, 1,900 × 2.15 = 4,085. Mtanyimwa kwa dola 6! Kwa hiyo slipu pekee hazitoshi. Mume wako aombe barua fupi kazini yenye tarehe ovataimu ilipokoma, saa anazofanya sasa kwa wiki na malipo kwa saa. Kwenye mahojiano mseme wazi kwamba kipato kimeshuka na hakitarajiwi kurudi juu. Afisa anatakiwa kukadiria kipato cha miezi inayokuja, si kunakili kilichopita, ila hawezi kubuni jambo ambalo halimo kwenye karatasi.

Baada ya hapo yanakuja makato:

2,967 toa asilimia 20 ya mshahara (593.40) = 2,373.60
toa makato ya kawaida kwa watu 5 (261) = 2,112.60

Kisha makazi. Kodi ni 1,500, mdogo wako analipa 300, yenu ni 1,200. Hiyo 300 yake si kipato chenu, inapunguza tu kodi mnayodai. Kwa kuwa mnalipa joto wenyewe, jimbo hutumia kiwango chake maalumu cha bili badala ya kuhesabu risiti. Tuseme kwa mfano 500. Jumla 1,700. Nusu ya 2,112.60 ni 1,056.30. Gharama ya makazi inayozidi hiyo nusu ni 643.70, chini ya kikomo cha 744, kwa hiyo inakatwa yote.

2,112.60 − 643.70 = 1,468.90. Asilimia 30 yake, ikipandishwa hadi dola kamili, ni 441. Kiwango cha juu kwa watu 5 ni 1,183. Toa 441, mnabaki na dola 742 kwa mwezi, takriban, kutegemea kiwango cha bili cha jimbo.

Ndiyo maana nasisitiza bili ya joto na umeme. Mtu akisahau kusema analipa joto, anapoteza zaidi ya dola 100 kila mwezi bila kujua. Ukimlipa mtu akulelee mtoto ili ufanye kazi, hiyo nayo inakatwa. Hela ya Nyarugusu haikatwi, samahani. Matunzo yanayokatwa ni yale ya mtoto yaliyoamriwa na mahakama.

Mama Watatu:

Mungu awabariki. Hii ya 2.15 hakuna aliyewahi kutuambia. Barua ya kazini inaweza kuchukua wiki nzima. Tusubiri ipatikane ndipo tutume fomu?

Mkalimani wa Kaunti:

Hapana, hapana. Tumeni leo. Fomu inapokewa ikiwa na vitu vitatu tu: jina, anwani na sahihi. Siku mliyoiwasilisha ndiyo siku haki yenu inapoanza, na mwezi wa kwanza hulipwa kuanzia tarehe hiyo. Ukisubiri siku 10 kukusanya karatasi, chakula cha siku 10 kimepotea na hakirudi.

Kuna njia kadhaa, zikiwemo mtandaoni benefits.ohio.gov, kupeleka mkono kwa mkono ofisi ya JFS (huduma za kazi na familia) ya kaunti yenu, au kwa posta. Mkipeleka ofisini, ombeni nakala iliyogongwa muhuri wa tarehe. Mkituma mtandaoni, pigeni picha ukurasa wa uthibitisho wenye namba ya maombi. Fomu yenyewe ni bure. Tovuti au mtu akidai malipo ili "aharakishe", kimbieni.

Halafu yanafuata mahojiano, mara nyingi kwa simu. Hapa ndipo familia zetu huanguka zaidi kuliko kwenye kipato. Simu inakuja na namba msiyoijua au iliyofichwa, hampokei, na barua ya siku ya mahojiano imekwenda kwenye anwani isiyo na namba ya apatimenti. Baada ya siku 30 maombi yanakataliwa, na watu wanadhani wamekosa sifa. Andikeni namba ya apatimenti, jina la kila mtu anayepokea barua libandikwe kwenye sanduku la posta, na mtu akikosa mahojiano apige simu siku hiyohiyo kuomba mengine.

Mkalimani ni haki yenu, bure. Simu ikiingia sema "Swahili interpreter" na usubiri kwenye laini. Mtoto wa miaka 9 asitafsiri. Nawasihi sana hapo. Mtoto hajui tofauti ya kipato ghafi na kilichobaki mkononi, na jibu moja likikosewa linaandikwa kama kauli yako.

Karatasi za kuandaa: kitambulisho, grinikadi za mbele na nyuma, namba za Social Security za wote 5 wanaoomba, slipu za siku 30, barua ya kazi, mkataba wa nyumba, bili ya joto au umeme. Grinikadi ya aliyekuwa mkimbizi huwa na alama inayoanza na RE. Mwonyesheni afisa alama hiyo akitaja miaka 5. Ofisi ikidai karatasi ya ziada lazima iwape angalau siku 10. Kama mwenye karatasi anaichelewesha, mwambieni afisa mapema, naye anawajibika kusaidia kuipata.

Dada Posho alijibu:

Naongeza kuhusu mdogo wako wa kiume. Kwa kuwa ananunua na kupika peke yake, ni nyumba nyingine kwa SNAP hata akiwa chumba cha pili. Mume na mke hawatengani, na mtoto wa chini ya miaka 22 anayeishi na mzazi hatengani naye, lakini ndugu mtu mzima anaweza. Sharti majibu yenu yafanane. Wewe ukisema "tunakula pamoja" na yeye akisema "najipikia", kesi zote mbili zinakwama.

Akitaka aombe mwenyewe, kikomo cha mtu 1 ni dola 1,696 ghafi. Ila yuko kwenye kundi la watu wa miaka 18 hadi 64 wanaotakiwa kufanya kazi, mafunzo au kujitolea saa 80 kwa mwezi. Akipungukiwa, anapata miezi 3 tu ndani ya miaka 3. Aweke kumbukumbu ya saa zake kila wiki. Wewe sheria hiyo haikugusi, unalea mtoto wa chini ya miaka 14.

Mama Watatu:

Nimeelewa. Na mama? Ana miaka 67 na ndiye ninayemwonea huruma kuliko wote. Pia tunaogopa tukichukua msaada, grinikadi yake itakwama.

Dada Posho:

Hofu hiyo iondoeni. Mkimbizi anapoomba grinikadi hapimwi kile kipimo cha kuwa mzigo kwa serikali, sheria yenyewe imemsamehe. Akitimiza mwaka 1 tangu aingie nchini, ajaze fomu I-485, ambayo kwa mkimbizi haina ada. Lakini risiti ya maombi haitoshi kwa SNAP, mpaka grinikadi ikubaliwe. Siku hiyo ripotini JFS aongezwe. Kwa kuwa ana zaidi ya miaka 60, kuingia kwake kutaondoa kile kikomo cha 744 cha makazi, na matumizi yake ya matibabu yanayozidi dola 35 kwa mwezi yataanza kukatwa.

Kuna jambo kubwa zaidi ambalo wengi hawaambiwi. Sheria ya 2025 haikuwaondoa wakimbizi kwenye SSI, yaani msaada wa fedha wa serikali kuu kwa wazee na walemavu wenye kipato kidogo. Mzee wa miaka 65 na zaidi aliyeingia kama mkimbizi anaweza kuipata hadi miaka 7 tangu apewe hadhi hiyo. Kiwango cha juu cha shirikisho kwa mtu mmoja mwaka 2026 ni dola 994 kwa mwezi, na hupungua akikaa bure nyumbani kwa wengine. Pigeni simu ofisi ya Social Security mwombe miadi, na mkalimani. Ikianza kulipwa iripotini JFS, kwa sababu SNAP inaweza kuihesabu yote au sehemu yake.

Wakati mnasubiri, WIC, mpango wa chakula kwa wajawazito na watoto wadogo, haiangalii uhamiaji. Mtoto wa miaka 2 anaingia, na mkipata SNAP kipato chenu hakipimwi tena huko. Watoto wawili wa shule watapata chakula cha bure shuleni kwa sababu hiyohiyo. Na pigeni simu namba 211 muulize ghala la chakula cha msaada lililo karibu. Huko mama anakaribishwa.

Fundi Hesabu:

Mambo mawili ya baada ya kupata. Katikati ya kipindi, karibu mwezi wa 6, itakuja fomu ya kuripoti. Isiporudishwa kesi inafungwa yenyewe, hata kama hakuna kilichobadilika. Na ovataimu ikirudi, kipato ghafi kikavuka 4,079 kwa mwezi, ripotini kabla ya tarehe 10 ya mwezi unaofuata, la sivyo mtadaiwa mrudishe.

Kadi ya EBT, ile inayoingiziwa hela ya SNAP, badilisheni namba ya siri siku chache kabla ya hela kuingia, na msitumie 1234 wala mwaka wa kuzaliwa. Wezi hubandika vifaa kwenye mashine za dukani, na tangu Desemba 20, 2024 serikali kuu hairudishi tena hela ya SNAP iliyoibwa hivyo. Mwenye duka akitaka kukupa taslimu badala ya chakula, kataa. Adhabu yake ni kuondolewa kwenye mpango.

Mkikataliwa, someni sababu kwenye barua. Ikiwa ni karatasi tu iliyokosekana na siku 60 tangu mwombe hazijaisha, ipelekeni, fomu ileile inafunguliwa upya, ila malipo yanaanza siku mliyoipeleka. Ikiwa wametumia zile slipu za 1,900, au afisa amewadai miaka 5, ombeni usikilizwaji wa rufaa ndani ya siku 90.

Mama Watatu:

Nimetuma sasa hivi mtandaoni na picha ya uthibitisho ninayo. Mume wangu anaomba barua kesho asubuhi. Kwa mama napiga simu Social Security Jumatatu.

Mkalimani wa Kaunti:

Vizuri sana. Ukipiga, uwe na I-94 ya mama, ile karatasi ya kuingilia nchini, mkononi. Watataka tarehe aliyoingia na hadhi aliyopewa.